Picha Moja ya Madibira

Muhula uliopita niliwaonyesha wanafunzi wangu picha moja ya bonde la Usangu, iliyopigwa upande wa Madibira, wilayani Mbarali. Nikamtaka kila mmoja aandike sentensi moja tu: anaona nini? Mtoto wa mkulima wa mpunga aliona mashamba ambayo bado hayajalimwa. Aliyepata kufanya kazi hifadhini aliona makazi ya ndege na viboko. Wa uhandisi aliona maji yanayopaswa kufika Mtera.

Hakuna aliyesema uongo. Maji ya mto Ndembera humwagilia mpunga wa Madibira, huingia katika kinamasi cha Ihefu, na yanayosalia hutoka katika Ruaha Mkuu, yakapita hifadhini hadi kwenye mitambo ya Mtera na Kidatu.

Matatizo huanza pale jicho la mmoja linapopewa mhuri. Ruaha ulipoanza kukauka nyakati za kiangazi mwaka 1993, na umeme ukawa wa mgawo, mimi, kijana wa Dar es Salaam, niliamini bila kuuliza kwamba ng'ombe wa Usangu ndio waliotuzimia taa. Giza nililiona, ng'ombe sikuwahi kuwaona. Baadaye watafiti walionyesha kwamba mifereji ya umwagiliaji ilichukua sehemu kubwa ya maji ya kiangazi, na kwamba uendeshaji wa bwawa la Mtera nao ulikuwa na lawama yake. Hata hivyo, waliobeba mzigo mkubwa wa operesheni ya 2006 na 2007 ni wafugaji. Mwaka 2008, Tangazo la Serikali Namba 28 likaiingiza Usangu katika Hifadhi ya Taifa ya Ruaha. Vijiji vilivyokuwa na usajili halali vikajikuta ndani ya ramani ya hifadhi, na wakazi wake wakaitwa wavamizi. Mwaka 2023 mipaka ilirekebishwa. Neno lile bado linatumika.

Watumishi wa umma mnaonisoma, mnapoandika "mvamizi" katika taarifa zenu, hamjapima kitu kwa mita. Hayo ni maoni ya aliyeshika kalamu, na kwa maoni hayo nyumba ya mtu huweza kubomolewa.

Karatasi moja ilinirudia bila sentensi. Mwenyewe, ambaye familia yake ilihamia Lindi na mifugo baada ya operesheni ile, aliandika swali: picha hii ilipigwa masika au kiangazi?

Sikuwa na jibu. Sikuwahi hata kufikiria kuuliza.