Wimbo wa roki bila gitaa



Ndugu wasomaji, wanafunzi wetu hapa Kasubi wana mtindo mpya. Wanachukua wimbo wa bendi ya roki ya Ulaya au Marekani, wanaacha gitaa na ngoma, wanauimba kwa midomo mitupu: mmoja anaunguruma besi, mwingine anapiga "dum-tak" kwa ulimi, waliobaki wanapanga sauti. Mzazi akiuliza, jibu liko tayari: "Hakuna ala, basi hakuna neno."

Mimi nasema neno lipo. Si kwamba kuimba kwenyewe ni haramu. Imepokewa katika Bukhari na Muslim kuwa wasichana wawili waliimba nyumbani kwa Bibi Aisha (r.a.) siku ya Idi, Abubakar (r.a.) akakemea, Mtume (s.a.w.) akamwambia awaache. Na Mwislamu gani wa Buganda hajakua na matali kwenye Maulidi na harusi? Kuhusu ala, masheikh wamehitilafiana tangu zamani. Yusuf Islam aliyesilimu 1977 aliweka gitaa chini miaka mingi, kisha akarudi na albamu mwaka 2006. Hatutalimaliza sisi hapa mtaani.

Lakini hata wanaoruhusu, kama marehemu Sheikh Yusuf al-Qaradawi, huuliza kwanza: wimbo unasema nini? Kuondoa gitaa hakusafishi maneno. Tena kijana anayefanya mazoezi wiki nzima huyakariri kuliko yule anayeyasikia redioni ndani ya teksi.

Wazazi, msikataze tu mkaondoka. Kupanga sauti nne bila ala ni kipaji (wengi wetu hata kaswida moja hatuwezi bila kupotea). Native Deen wa Marekani walianza mwaka 2000 kwa sauti na ngoma tu. Albamu ya kwanza ya Maher Zain, ya 2009, ilitolewa pia bila ala zaidi ya ngoma.

Kipimo changu ni hiki: kijana amtafsirie jajja wake maneno ya wimbo kwa Kiganda, mstari kwa mstari. Akiweza bila kuona haya, aimbe. Akishindwa, sauti abaki nazo, maneno aandike mapya, kwa Kiganda au Kiswahili. Hapo atahitaji mwalimu wa madrasa wa kukaa naye Jumamosi, na walimu hao mpaka sasa hawajajitokeza.

Wabillahi tawfiq.