Ukumbi wa michezo wa Chuo Kikuu usifungwe kufuli

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nitoe maoni yangu kuhusu kumbi za ndani za michezo katika vyuo vikuu vyetu. Tangu nchi yetu, Kenya na Uganda zilipopewa mwaka 2023 uenyeji wa fainali za Kombe la Mataifa ya Afrika za 2027, mazungumzo ya viwanja yamekuwa ya kandanda tu. Mpira wa kikapu, wa wavu na wa mikono imewekwa kando, ingawa hiyo ndiyo michezo inayonufaika zaidi na paa na sakafu nzuri.

Wananchi wengi wanamkumbuka Ndugu Hasheem Thabeet, mzaliwa wa Dar es Salaam mwenye urefu wa mita 2.21. Mwaka 2009 alichaguliwa wa pili kati ya wachezaji wapya wote wa ligi ya kulipwa ya Marekani, NBA, akawa Mtanzania wa kwanza kucheza katika ligi hiyo. Tulishangilia, na ilikuwa haki yetu. Lakini wahenga walisema, ukiona vyaelea, vimeundwa. Kijana huyu aliushika mpira wa kikapu akiwa na umri wa miaka 15, na sehemu kubwa ya kuundwa kwake ilifanyika katika Chuo Kikuu cha Connecticut, alikosoma na kucheza kuanzia 2006 hadi 2009.

Chuo hicho hakiko jijini. Kiko Storrs, mahali pa mashambani, na kilianza mwaka 1881 kama shule ya kilimo. Ukumbi wake wa michezo, uitwao Gampel Pavilion, ulifunguliwa mwaka 1990, na una viti zaidi ya 10,000 chini ya paa la kuba. Umepewa jina la Harry Gampel, aliyesoma chuoni hapo na baadaye akachangia fedha. Humo huchezwa kikapu na wavu, humo hufanyika mahafali, na jengo lenyewe limeungana na bwawa la kuogelea. Lililonigusa zaidi mimi ni kwamba hadi mwaka 2025 timu ya wanawake ya chuo hicho ilikuwa imetwaa ubingwa wa vyuo vikuu wa nchi ile mara 12, na ya wanaume mara 6. Sakafu ile ile inatumiwa na wasichana na wavulana, na wasichana ndio waliotangulia kwa vikombe.

Ndugu Mhariri, sisemi tujenge ukumbi wa viti elfu kumi. Viti havimfundishi mtu kucheza. Ninachosema ni kwamba chuo kikuu kikijenga ukumbi, thamani yake ihesabiwe kwa siku ambazo mlango uko wazi na kwa watu wanaoingia humo, siyo kwa ukubwa wa jukwaa la wageni wa heshima.

Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi kijijini. Nilipokuwa chuo cha ualimu, mpira wa kikapu tulifundishwa kwa kuchorewa ubaoni. Tulichora uwanja wa mita 28 kwa 15 katika madaftari, tukaandika kuwa kikapu kiko mita 3.05 kutoka chini, tukafanya mtihani, tukafaulu. Mpira wenyewe hatukuudunda hata siku moja. Leo mwalimu wa namna hiyo anasimama mbele ya watoto sitini na filimbi mdomoni. Je, atawafundisha nini? Ndiyo maana vijana wetu warefu wanamaliza darasa la saba bila mtu kuwaambia kuwa urefu ule unaweza kuwa na kazi.

Kwa hiyo nashauri mambo yafuatayo.

Kwanza, ukumbi upimwe kwa mchezo unaohitaji nafasi kubwa zaidi. Uwanja wa mpira wa mikono ni mita 40 kwa 20. Ukiacha nafasi pembeni, ndani yake utachora kikapu, na wavu wa mita 18 kwa 9, kila mchezo kwa mistari ya rangi yake. Dari lisipungue mita 7 kwa ajili ya wavu. Sakafu iwe ya mbao, maana saruji inaumiza magoti. Nguzo za vikapu ziwe za kusukumwa, ili ukumbi huo huo utumike kwa mitihani, mikutano na mahafali, na ada zake zilipie umeme na matengenezo.

Pili, wakati wanafunzi wa chuo wako likizo, walimu wa shule za msingi tuitwe kwa zamu tufundishwe humo. Mwalimu mmoja akijua mchezo vizuri, amefundisha kijiji kizima kwa miaka mingi.

Tatu, timu za mkoa za UMITASHUMTA zipige kambi humo. Mashindano hayo kwa kawaida hufanyika katikati ya mwaka, maana yake maandalizi yanaangukia kwenye masika. Huku kwetu mwezi wa Aprili uwanja ni tope, na wa kwanza kuondoka mazoezini ni wasichana, kwa sababu nyumbani wanasubiriwa na kazi na hawawezi kungoja mvua ikatike.

Najua wapo watakaosema kuwa shule hazina madawati ya kutosha, sembuse ukumbi wa michezo. Hoja hiyo ni ya kweli, nami nafundisha katika darasa la namna hiyo. Ndiyo sababu sitaki ukumbi kwa kila shule. Kijiji kinaweza kusimamisha nguzo mbili za mti na kusawazisha ardhi kwa nguvu zake chenyewe. Tusichoweza kukifanya kwa nguvu zetu ni kumpata mwalimu anayeujua mchezo. Huyo ndiye tunayemwomba kutoka chuo kikuu.

Thabeet alikutana na mchezo wake akiwa na miaka 15, katika jiji kubwa kuliko yote nchini. Mtoto wa kijijini mwenye kipaji kama kile hana bahati hiyo. Nawaomba wahusika, watakapokaa kuchora ramani ya ukumbi wowote wa chuo, waamue mapema nani atashika ufunguo, na walimu wa shule za msingi tuwe katika orodha ya watakaofunguliwa.

Mwalimu wa Shule ya Msingi,
Kilosa, Morogoro.