Mchakamchaka wa Asubuhi Mjini Istanbul



Ndugu wasomaji, na hasa kina mama na dada zetu mnaoifuata safu hii kila wiki, tunamshukuru Mwenyezi Mungu aliyetujaalia kusafiri salama na kurejea salama. Mwezi wa Oktoba tulikwenda Istanbul, nchini Uturuki: sisi ndugu wawili wa tumbo moja, shangazi yetu, na kaka yetu aliyekuwa mahramu wa sote. Kaka alikwenda kwa biashara, kununua mzigo wa nguo katika maduka ya jumla ya mtaa wa Laleli. Sisi tulikwenda kuuona mji. Namna tulivyouona ndiyo tunayotaka kuisimulia leo, kwa kuwa ndani yake mna jambo linalozigusa nyumba zetu nyingi.

Shangazi yetu ana miaka 58, na huu ni mwaka wa tisa tangu apatikane na ugonjwa wa sukari. Kila akienda kliniki huambiwa lile lile: meza dawa, punguza vyakula vya wanga, na utembee nusu saa kila siku. Dawa anameza. Chapati za nazi amezipunguza, ingawa kwa manung'uniko. Ila kutembea, kila tulipomkumbusha, jawabu lake lilikuwa moja: "Mtu mzima mimi, mama wa watu, nitoke nikaruke-ruke barabarani? Watu watasema nini?" Jawabu hilo mnalijua. Baadhi yetu tumelitoa kwa vinywa vyetu wenyewe.

Sasa tueleze tulichokifanya. Katika miji mikubwa ya dunia, kama London, Paris, New York na Istanbul yenyewe, kumeenea utaratibu wa ziara za mbio. Mwongozaji anayeujua mji huchukua kikundi kidogo cha watu, akakipitisha mitaani kwa mchakamchaka wa polepole, na kusimama kila penye jambo la kuelezwa. Hapana mashindano. Kipimo cha mwendo ni mazungumzo: mkimbiaji akiweza kusema sentensi nzima bila ya kutweta, mwendo unamfaa, pumzi ikimkatika, hana budi kupunguza. Ziara huanza mapema, kabla ya magari na makundi ya watalii, na wakati wengine wanapokunywa chai yao ya kwanza, mkimbiaji amekwisha kuiona sehemu nzuri ya mji.

Tulipopata habari kuwa yuko mwongozaji mwanamke anayechukua kina mama peke yao, tulimweleza shangazi. Alikataa. Tukamwambia mwongozaji huvaa mtandio kama sisi. Akanyamaza. Tukamwambia huko hapana anayemjua. Hapo akacheka, akasema, "Basi nitakwenda niwachunge nyinyi wanangu." Tukamnunulia raba nyeupe, na juu ya suruali pana akavaa kanzu nyepesi iliyomfika chini ya magoti.

Siku ile tuliswali Alfajiri hotelini, kaka akatusindikiza hadi uwanja wa Sultanahmet, na saa kumi na mbili na nusu tukakabidhiwa kwa mwenyeji wetu. Tulikuwa wanawake saba. Mwongozaji alimwamkia shangazi kwa mikono miwili, akamwita "teyze". Maana yake kwa Kituruki ni dada wa mama, nao humwita hivyo kwa heshima kila mwanamke aliyewapita umri. Kuanzia hapo shangazi hakuitwa jina jingine.

Uwanja huo wenyewe ulikuwa uwanja wa mbio. Zama za Warumi, magari ya farasi yalishindana hapo mbele ya maelfu ya watu. Katikati yake bado imesimama nguzo ya jiwe iliyochongwa Misri zaidi ya miaka 3,000 iliyopita na kusimamishwa hapo mwaka 390. Upande mmoja upo msikiti wa Sultan Ahmed wenye minara sita, ambao ulianza kujengwa mwaka 1609. Mbele yake ipo Ayasofya, iliyokamilika mwaka 537 ikiwa kanisa, ikawa msikiti baada ya Sultan Mehmed kuuteka mji mwaka 1453, ikafanywa makumbusho katika karne iliyopita, na tangu mwaka 2020 inaswaliwa tena.

Baina ya majengo hayo mawili mashuhuri kuna jengo la chini lenye makuba, ambalo wapita njia wengi hawaligeukii. Mwongozaji alitusimamisha hapo. Ni hamamu iliyojengwa mwaka 1556 na Sinan, msanifu mkuu wa dola ya Uthmaniya, kwa amri ya Hürrem Sultan, mke wa Sultan Suleiman. Ina pande mbili zilizopeana mgongo, upande wa wanaume na upande wa wanawake, kila mmoja na mlango wake. "Mwanamke ndiye aliyeagiza," akasema mwongozaji. "Leo nitawaonyesha mji waliouacha wanawake." Tukadhani ni maneno ya kupendeza wageni. Baadaye tulijua alikuwa akitupa ramani.

Tukateremka kupitia bustani ya Gülhane, chini ya miti mirefu, kuta za kasri la Topkapı zikiwa upande wetu wa kulia. Paka walikuwa wamelala juu ya viti vya bustani kana kwamba wao ndio wenye mji. Tulipofika Sarayburnu, bahari ikafunguka mbele yetu: Bosphorus upande mmoja, na Asia ikionekana ng'ambo ya maji. Hapo tulikuwa na letu la kumpa mwenyeji. Tukamweleza kuwa dola iliyotawala kutoka kasri lile ilifika hadi kwetu. Amir Ali Bey, nahodha wa Uthmaniya, alikuja na majahazi yake pwani ya Waswahili katika miaka ya 1580, na mwaka 1589 Wareno wakamteka hapo hapo Mombasa. Miaka minne baadaye Wareno wakaanza kuijenga Ngome ya Yesu. Mwongozaji hakuwahi kuisikia habari hiyo, akatuomba tumrudilie jina la mji wetu.

Tukafuata ukingo wa maji kuelekea Eminönü. Shangazi alikuwa akikimbia hatua hamsini na kutembea mia, na kikundi kizima kilikwenda kwa mwendo wake, kwa kuwa hiyo ndiyo kanuni: aendaye polepole kuliko wote ndiye anayewapimia wenzake. Lakini tulipokaribia daraja la Galata, wavuvi wakiwa wamejipanga na mishipi yao, tuliona mikono yake ikitetemeka. Jasho lilimtiririka usoni ilhali hewa ilikuwa baridi. Tukamuuliza, akakiri kuwa alimeza dawa yake lakini hakutia kitu tumboni, kwa hofu ya kukimbia akiwa ameshiba.

Sukari ilikuwa imeshuka. Hatutaficha kuwa tuliogopa. Mwongozaji alimkalisha kwenye ngazi za msikiti ulio karibu, akatoa chupa ya juisi mkobani, akamnywesha polepole. Akamnunulia na mkate wa mduara uliojaa ufuta kutoka kwa mchuuzi wa pembeni. Tukangoja robo saa. Shangazi alikuwa na haya kuliko maumivu. "Nendeni, wanangu," akasema, "niacheni hapa. Mimi nimekwisha."

Mwongozaji hakumjibu mara moja. Alituuliza kama tunajua tumekaa kwenye ngazi za nani. Msikiti ule huitwa Yeni Cami, yaani Msikiti Mpya. Ulianzishwa mwaka 1597 na Safiye Sultan, mama wa Sultan Mehmed wa Tatu. Mwanawe alipofariki mwaka 1603 yeye alipoteza nguvu, na kazi ikasimama. Kwa zaidi ya nusu karne kuta zile zilibaki hazina paa. Kisha, katika miaka ya 1660, akaja mama mwingine, Turhan Sultan, akaichukua kazi ya mwenzake na kuikamilisha. Wote wawili waliingia kasri hali ya kuwa vijakazi. Jirani yake Turhan akakamilisha na soko, ili kodi ya maduka iutunze msikiti. Nalo ndilo Soko la Misri, linalouza viungo hadi hii leo. Milango ilikuwa bado haijafunguliwa, lakini harufu ya mdalasini na iliki ilitufikia pale tulipokaa, tukakumbuka Marikiti.

"Teyze," akasema mwongozaji, "msikiti huu ulipumzika miaka zaidi ya hamsini, kisha ukamalizwa. Wewe umepumzika robo saa tu."

Shangazi akacheka hadi akafuta machozi. Rangi ilikuwa imemrudia. Hakukimbia tena asubuhi ile, na hapana aliyemtaka akimbie. Sote tukatembea naye hadi gatini, tukapanda feri, ambayo ilitukumbusha ya Likoni isipokuwa hii huvuka kutoka Ulaya hadi Asia. Tukashuka Üsküdar, kwenye msikiti uliokamilika mwaka 1548 kwa jina la Mihrimah Sultan, binti wa yule yule Hürrem aliyejenga hamamu. Tulikuwa tumeanza kwa jengo la mama, tumemalizia kwa jengo la binti. Tukaswali Dhuha humo, na shangazi akakaa katika sijda kitambo kirefu.

Ndugu zetu, wapo watakaosema kuwa hayo ni ya ugenini na kuwa mwanamke wa Kiislamu na mbio ni vitu viwili visivyokutana. Nasi twauliza: sai katika Hija na Umra ni ukumbusho wa nani? Ni ukumbusho wa Bi Hajar, mama yake Nabii Ismail a.s., aliyekwenda mbio baina ya Safa na Marwa mara saba akimtafutia mwanawe maji. Na imepokewa na Abu Daud kuwa Mtume s.a.w. alishindana mbio na mkewe Bi Aisha r.a. safarini, mara ya kwanza Bi Aisha alimshinda, na baadaye, alipokuwa amenenepa, Mtume s.a.w. akamshinda. Katika mapokezi mengine imo kuwa aliwaambia watu watangulie kwanza. Basi mbio zilikuwepo na stara ilikuwepo, na moja haikumfukuza mwenziwe.

Hatusemi haya iachwe. Haya ni katika imani. Tunachosema ni kuwa haya ya kumwogopa Mola si sawa na hofu ya maneno ya jirani. Ya kwanza hutuchagulia vazi, wakati na wenzetu wa kwenda nao. Ya pili hutufungia ndani hadi miguu ife ganzi. Mwili ni amana, na tutaulizwa tuliutumiaje.

Kwa wanaotaka kuanza, tunayo machache tuliyojifunza kwa gharama ya hofu ya siku ile. Mwenye sukari, presha au maradhi ya moyo na amwone daktari wake kwanza, amuulize juu ya dawa na wakati wa kula. Asitoke na dawa tumboni bila chakula. Abebe mfukoni tende tatu au juisi ndogo, na wenzake wajue dalili: kutetemeka, jasho la baridi, kizunguzungu. Avae viatu vilivyofunga mguu, kwa sababu kidonda cha mguu kwa mwenye sukari si jambo dogo. Asiende peke yake. Na asijilazimishe: Shirika la Afya Duniani linapendekeza angalau dakika 150 za mwendo wa wastani kwa wiki, nazo zinaweza kugawanywa nusu saa kwa siku tano. Kutembea kwa haraka kwatosha.

Nasi hatuna haja ya kungoja safari. Mji wa Kale wetu una vichochoro ambavyo wageni huvuka bahari kuja kuviona, nasi twapita ndani yake bila kuinua macho. Kina mama watano wakitembea pamoja baada ya Alfajiri, mmoja wao akiwa ni bibi anayejua nyumba ipi ilikuwa ya nani, msikiti upi una wakfu wa nani, na mwanamke yupi aliutoa, basi hiyo ndiyo ziara yenyewe, na haina ada.

Tumerudi sasa wiki ya sita. Hatudai kuwa sukari ya shangazi imekwisha. Dawa zake bado anameza. Lakini siku nne au tano kwa wiki, baada ya swala, ile raba nyeupe haiko mlangoni. Huenda Mama Ngina, ufukoni, akiwa na sisi na majirani wawili. Juma la kwanza mama mmoja alimsimamisha njiani, akamuuliza, "Wapi, Bi mkubwa, na viatu hivyo?" Shangazi akamjibu, "Twende ukaone."

Siku ya pili yake mama yule alikuja. Alikuja na ndara, na alitembea nusu ya njia tu. Wiki hii tumemwona na raba.

Mwenyezi Mungu atupe afya, na atujaalie kuitumia katika yanayomridhisha. Wabillahi tawfiq.