Mnatuita Wezi wa Magemu? Basi Tuuzieni!

Leo sina umbea wa nani kaachana na nani. Leo nina jambo limenikaa kooni wiki nzima, nisipolitoa nitaumwa.

Kuna jamaa mmoja wa Dar, jina kapuni, mnamjua kwa kucheza magemu laivu na kufungua maboksi ya vitu alivyotumiwa. Juzi kapandisha klipu, kakaa kwenye kile kiti chake chenye mataa, anatuchana. Eti kijana yeyote anayecheza magemu ya zamani ya PSP kwenye simu kwa kutumia PPSSPP ni mwizi, anaua soko la magemu Afrika, na kama anataka heshima akanunue toleo jipya, maana sasa hivi "yametoka dunia nzima". Mfano aliotoa ni Final Fantasy Tactics. Watu wamejaa kumpigia makofi.

Sasa mimi gemu hiyo nimeimaliza mara tatu, kwa PPSSPP, kwenye Tecno yenye kioo kilichopasuka, hapa hapa Kitandililo. Kwa hiyo mwizi anayesemwa ni mimi. Acha mwizi ajitetee.

Kwa ambao hamjui, haya si magemu ya kukimbia na kupiga risasi. Ni ya mkakati. Chukulia drafti: wewe unacheza zamu yako, mwenzako zamu yake, unafikiri kabla hujasogeza kete. Tofauti ni kwamba hapa kila kete ina jina, ina kazi yake, na mtu wako akianguka, zamu tatu zikipita hujamwinua umempoteza moja kwa moja. Usiku wa baridi ya Juni huku kwetu, umejikunyata jikoni karibu na moto, simu iko kwenye chaji, hakuna kitu kitamu kama kile.

Na stori yake siyo ya kitoto (kama hujacheza, ruka aya hii). Kuna Ramza, mtoto wa ukoo wa wakubwa, na kuna Delita, rafiki yake, mtoto wa watu wa chini aliyelelewa nyumba moja naye. Dada yake Delita anatekwa. Wale waliotakiwa kumwokoa wanampiga mshale wao wenyewe, kwa sababu yeye ni mtoto wa mkulima, maisha yake hayana bei. Nilifika hapo nikiwa kidato cha tatu. Mimi ni mtoto wa mkulima wa mahindi. Niliweka simu chini, nikatoka nje. Shuleni tulikuwa tunasoma mambo ya ukabaila, lakini siku hiyo ndiyo nilielewa.

Nilipataje gemu? Kama ninyi wote. Nilienda Makambako mjini kwa fundi anayejaza nyimbo kwenye memori kadi, nikampa jero, akaniwekea faili. Hakuna duka lingine nililolijua, na tusidanganyane, hata wewe hukulijua.

Twende kwenye hiyo "dunia nzima" sasa.

Final Fantasy Tactics ilitoka Japani mwaka 1997, ikaenda Marekani Januari 1998. Ulaya haikwenda. Narudia: Ulaya, na pesa zao zote, toleo la PS1 halikuuzwa kwao. Walisubiri mpaka 2007 lilipokuja la PSP, lile la War of the Lions. Karibu miaka kumi! Fire Emblem ilianza Japani mwaka 1990, na gemu yao ya kwanza kuvuka kwenda nchi za nje ni ya 2003. Kwa hiyo wenye magemu haya tangu zamani wanaigawa dunia vipande, halafu wanaamua kipande kipi kile leo na kipi kilale njaa.

Tukaambiwa digitali itamaliza hayo. Hakuna CD ya kusafirisha, hakuna meli, hakuna bandari. Faili moja linashushwa na mtu wa Tokyo na mtu wa Njombe dakika ile ile. Maneno matamu. Lakini jaribu kufungua akaunti ya PlayStation leo, nenda pale wanapokuuliza nchi yako, tafuta Tanzania. Hauioni. Kenya pia hauioni. Kusini mwa Sahara nchi iliyofunguliwa mlango ni Afrika Kusini. Duka la Nintendo nalo, ukitafuta Tanzania utatafuta sana. Hiyo ndiyo dunia nzima ya jina kapuni.

Sasa nimuulize yeye, kwa heshima kabisa. Bro, hiyo akaunti yako ya PS5 umeandika unaishi wapi? Maana Tanzania haipo kwenye orodha na wewe unaishi Dar, tunakuona ukila chipsi zako za Sinza. Najua ulichoandika, kwa sababu kila mwenye PlayStation nchi hii kaandika hivyo hivyo: Marekani, au Uingereza, na anwani ya kuokoteza ya mtaa ambao hajawahi kuukanyaga. Umedanganya makazi ili uruhusiwe kulipa. Sikulaumu, hukuwa na njia. Ila ukishaingia kwa dirisha, usisimame ndani ukawatukana walio nje kwamba hawapiti mlangoni. Mlango haupo!

Na dirisha lenyewe lina miiba. Nchi ukishaichagua kwenye akaunti ya PlayStation huwezi kuibadilisha. Kadi ya kuongezea salio lazima iwe ya nchi hiyo hiyo. Mimi nimelipia somo hili. Novemba 2022 ilitoka Tactics Ogre: Reborn, toleo jipya la gemu ya 1995 iliyoongozwa na Yasumi Matsuno, yule yule aliyekuja kuongoza Final Fantasy Tactics. Inahusu makabila yanayochinjana visiwani, na vijana wanaoambiwa wachague upande. Nilisema hii siibi. Tulichangishana watu wanne, wawili wapakia mbao, mmoja wa bodaboda na mimi, ikafika laki na thelathini. PS4 ilikuwa ya mshkaji mwenye banda la gemu. Tukanunua kadi ya salio kwa mtu mmoja wa mtandaoni, jina naye kapuni. Akatutumia namba. Akaunti yetu ya Marekani, kadi ya Ulaya. Ikagoma. Kumpigia, anasema tulitakiwa kusoma masharti. Kesho yake katu-blok.

Laki na thelathini. Wakati ule kibarua cha kupakia mbao kilikuwa kinanilipa elfu saba kwa siku. Pigeni hesabu wenyewe, ni siku kumi na nane na zaidi za mgongo. Na mwezi huo huo kuna watu walikuwa wanaicheza kwa jero ya fundi, toleo la PSP, wanatucheka. Niambie nani alionekana mjinga pale.

Najua wapo watakaosema, "Mbona Steam inafunguka Tanzania?" Kweli, inafunguka, na nawapongeza. Ila Steam ni ya kompyuta, na bei tunayosomewa sisi ni ya dola. Afrika Kusini wanasomewa randi yao, sisi shilingi yetu haijulikani. Toleo jipya la Final Fantasy Tactics, lile la The Ivalice Chronicles lililotoka tarehe 30 Septemba 2025, bei yake inaanzia karibu dola 50. Weka dola moja kwa 2,500, ni kama 125,000. Na hapo hujanunua kompyuta. Kadi ya kulipia unaweza kuitengeneza kwenye simu siku hizi, sawa, lakini kwa nini nizunguke kote huko? M-Pesa ipo Tanzania tangu 2008. Bibi yangu asiyejua kusoma anatuma na kupokea hela kwa simu. Kampuni inayoweza kutengeneza vita vya watu ishirini na ramani zenye milima inashindwaje kupokea hela kwa njia ambayo bibi yangu anaiweza?

Halafu kuna hili la kuuza na kunyang'anya. Ile Fire Emblem ya kwanza ya 1990, Nintendo waliitafsiri Kiingereza na kuitoa kwa Switch Desemba 2020, bei dola 6 kasoro. Bei ya kistaarabu kabisa! Basi tarehe 31 Machi 2021 ikatolewa dukani. Miezi minne haikutimia. Ni faili, jamani, siyo nyanya kwamba zitaoza! Machi 2023 duka la 3DS na Wii U likafungwa, na magemu mengine ya mkakati yakafungiwa humo kwa wanunuzi wapya. Kununua gemu kwa kutumia PSP yenyewe kulifungwa Julai 2021. Sasa jina kapuni anataka nikanunue wapi lile toleo la PSP nililoanza nalo? Kaburini?

Na hili ndilo linaloniuma kuliko yote. Mwaka 2025 wakati wanatangaza The Ivalice Chronicles, waliolitengeneza walikiri wenyewe kwamba mafaili asilia ya kutengenezea gemu ile hayakuhifadhiwa. Yalishapotea. Ikabidi wachambue matoleo yaliyokwishatoka, na wakapitia hata tovuti za mashabiki kupata taarifa. Mmeelewa hapo? Mwenye mali kapoteza mali. Walioitunza ni mashabiki, watu wa kuandika na kukusanya bila malipo. Na lile toleo jipya halikubeba vitu vilivyoongezwa kwenye War of the Lions ya PSP. Yaani kuna sehemu za gemu ambazo mtoto wa Kitandililo anazo kwenye memori kadi ya 8GB, na aliyelipa dola 50 hana. Halafu anayeitwa mharibifu ni nani?

Sikilizeni, sijasema wizi ni sawa. Watu walikesha kuandika ile stori, walichora, walitunga ule muziki, wanastahili kula. Huku kwetu mtu akikuibia mbao shambani tunajua maumivu yake. Na nyie mnaochukua gemu ya mwaka huu, inayouzwa, hela mnayo na njia mnayo, halafu mnajificha nyuma ya neno "umaskini", humu sijawatetea. Nawatetea wale ambao duka limewafungia mlango, likafuta jina la nchi yao, halafu likatuma mtu kuwaita vibaka. Mwizi ni anayekataa kulipa. Sisi tunakataliwa kulipa.

Kwa hiyo badala ya kututukana, jina kapuni, wewe unayepata mialiko na maboksi, peleka haya kwa hao wanaokutumia:

1. Weka Tanzania kwenye orodha. Niandike Kitandililo, Makambako, Njombe, na akaunti ikubali.

2. Bei iwe ya shilingi, na ilipwe kwa simu. Gemu ya mwaka 1997 kwa elfu kumi na tano, mimi nanunua kesho asubuhi, na fundi wangu wa memori kadi ananunua pia.

3. Ukiirudisha gemu ya zamani, iache dukani. Usituletee mambo ya mwisho tarehe fulani.

Mnasema makampuni hayasikii? Mei 2024 Sony walitangaza kwamba wachezaji wa Helldivers 2 wa kompyuta lazima wawe na akaunti ya PlayStation. Gemu ikaondolewa kuuzwa Steam kwenye nchi na maeneo zaidi ya 170 yasiyo na huduma hiyo. Wachezaji wa dunia walitoa povu, na ndani ya siku chache Sony wakarudi nyuma kwenye lile sharti la akaunti. Machi 2021 walisema wanafunga maduka ya PS3 na Vita, watu wakapiga kelele, Aprili wakaghairi. Kelele zinafanya kazi. Tatizo letu sisi, kelele zetu zote tunapigana wenyewe kwa wenyewe, mwenye PS5 anamcheka mwenye Tecno.

Siku watakayoiweka Tanzania kwenye ile orodha, naahidi hapa hapa, nitakuwa wa kwanza kununua, na risiti nitaipandisha muione. Mpaka siku hiyo, Ramza wangu anaendelea kuishi kwenye kioo kilichopasuka, na sitamwomba mtu msamaha.

Wewe akaunti yako umeandika unaishi nchi gani? Tuambie ukweli hapo chini. Jina tutaliweka kapuni.