Samehe hakufika Tandika

BARAZANI, na Rehema Mshangama

Muulize kijana yeyote wa Tandika akutajie waigizaji wa kike wa hapa nchini. Atakumwagia Johari, Monalisa, Wema, Riyama, tena na nani kaachana na nani. Mtajie wewe Amandina Lihamba, uone atakavyokukodolea macho.

Huyo ndiye Samehe wa Maangamizi: The Ancient One, filamu ya Martin Mhando na Ron Mulvihill ya mwaka 2001, ya kwanza kupelekwa na Tanzania kuwania Oscar. Kabla ya hapo, mwaka 1985, alicheza kwenye Arusi ya Mariamu, filamu ya mgonjwa anayewaogopa waganga wa jadi kuliko maradhi yenyewe.

Samehe yumo hospitali ya wagonjwa wa akili, miaka 20 hajatamka neno. Mnyang'anye mwigizaji kilio, matusi na mke mwenza wa kugombana naye, kisha mwambie aigize. Lihamba anabaki na uso tu. Daktari Asira, anayechezwa na Mmarekani BarbaraO, anauliza, anabembeleza, anangoja. Anayejibu ni macho. Ndiyo maana nikiona wasanii wetu wanavyopigiana kelele kwenye tamthilia, napunguza sauti.

Sasa mbona hajulikani? Msiniambie watu wa uswahilini hawapendi filamu nzito. Waliletewa lini wakaikataa? Maangamizi ilizunguka kwenye matamasha. Bongo Movie zilishika njia ya kwetu: kanda, baadaye CD, kutoka maduka ya Kariakoo mpaka vibanda umiza vya Mbagala na Mwananyamala, mabenchi ya mbao, joto la kufa mtu, watoto wamejipanga chini mbele ya televisheni. Monalisa alipocheza Girlfriend mwaka 2003, soko hilo lilikuwa linachangamka. Kipaji anacho, nani abishe? Ila alikuwa na wa kumfikisha mlangoni kwa mtazamaji.

Baada ya Maangamizi, tulikaa miaka 20 na ushei ndipo tukapeleka filamu nyingine Oscar, Vuta N'Kuvute ya Amil Shivji. Hivi TBC na Sinema Zetu wanashindwa nini kumpangia Samehe Ijumaa moja usiku, watu wakiwa majumbani? Filamu ina wenyewe, najua, na wenyewe hulipwa. Basi walipwe, kama wanavyolipwa wenye tamthilia za Kituruki.