Gari Lililoachwa Uani Ni la Nani?



Apitaye njia za Rau, akipanda kutoka Moshi mjini kuelekea Uru, hakosi kuyaona magari yasiyokwenda popote. Moja limezama matairi kati ya migomba. Jingine lingali na namba za zamani zinazoanza na TZ, na kuku hutagia katika kiti cha dereva. Baadhi yaliletwa na watoto wa hapa waliorudi kwa Krismasi kutoka Dar es Salaam, yakaharibika, yakaachwa kwa fundi au kwa ndugu kwa ahadi ya kurudi Januari. Januari nyingi zimepita.

Fundi mmoja alitujia kwa sababu ya gari la namna hiyo. Lilikuwa uani kwake mwaka wa 9. Alikwisha kuifungua injini na kununua vipuri kwa fedha yake, na mwenyewe hakuonekana tena wala kupatikana kwa simu. Sasa mnunuzi ametokea. Wajuzi wa njia za mkato wakamshauri aripoti polisi kuwa amepotelewa na kadi ya gari, aape kwa wakili kwamba alilinunua, kisha aombe kadi mpya kwa Mamlaka ya Mapato. Kwetu alitaka sahihi tu, tushuhudie mauziano. Karatasi ilikuwa imekwisha kupigwa chapa.

Hatukutia sahihi. Twaeleza sababu, maana fundi huyo si mwizi, na walio katika hali yake ni wengi.

Watu huamini kwamba miaka yenyewe hutoa umiliki. Dhana hiyo yatokana na mambo ya ardhi, ambako Sheria ya Ukomo wa Madai ya mwaka 1971 huweka miaka 12 ya kudai. Lakini aliyekabidhiwa kitu akitunze hawi mwenye kitu kwa sababu ametunza muda mrefu. Sheria ya Kanisa ya mwaka 1983, katika kanuni ya 198, hudai nia njema tangu mwanzo hadi mwisho wa muda wote. Naye fundi alijua kila siku kwamba gari si lake. Wala hatuhitaji kwenda Roma kulijua hilo. Wazee wa Uchagga waliwekeshana ng'ombe. Mtunzaji alinywa maziwa, akapata samadi ya migomba yake, na ng'ombe akabaki wa mwenyewe hata zizi lilipochakaa.

Je, fundi hana haki? Anayo, tena kubwa. Anayeacha gari kwa jirani pasipo neno humfanya mlinzi asiye na mshahara, na hilo nalo ni dhuluma, ingawa hatulisemi mara nyingi kwa kuwa mwenye gari huwa ni mtu wa mjini mwenye heshima zake. Sheria ya Mikataba, iliyotungwa mwaka 1961, humruhusu fundi kukizuia kitu alichokitengeneza mpaka alipwe ujira wake. Lakini kuzuia si kuuza. Akitaka fedha yake, na afungue madai mahakamani. Akishinda na mdaiwa asilipe, mahakama yaweza kuamuru gari liuzwe kwa mnada. Hapo mnunuzi hupata hati ya mahakama mkononi, wala si kiapo cha uongo ambacho chaweza kumpeleka gerezani yeye aliyeapa.

Hata Serikali yenyewe haijichukulii tu. Chini ya Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004, mali iliyokaa katika ghala la forodha bila kuondolewa haihesabiwi kuwa imetelekezwa mpaka litolewe tangazo na zipite siku 30, ndipo hunadiwa. Ikiwa wenye mamlaka hutangaza kwanza, sisi wa uani tutapataje ruhusa ya kunyamaza?

Tulimshauri fundi aanze na namba ya gari, jina la mwenyewe litafutwe katika kumbukumbu za Mamlaka ya Mapato. Aandike barua, nakala ibaki kwa mwenyekiti wa mtaa. Apeleke taarifa polisi, maana laiti gari lingekuwa la wizi, angeulizwa yeye aliyekaa nalo. Twakiri kwamba njia hii ni ndefu, na nauli na ada humlemea mtu wa spana. Twaona Mahakama ya Mwanzo ingepaswa kuwa na utaratibu mwepesi kwa mali za namna hii, na tutaendelea kulisema.

Jina lilipatikana. Mwenyewe alikuwa amekwisha fariki, ameacha mjane na watoto wawili. Mjane alijua kwamba palikuwa na gari, hakujua liko wapi. Ndugu wa marehemu walimwambia liliuzwa. Alifungua shauri la mirathi katika Mahakama ya Mwanzo, akateuliwa msimamizi. Fundi amepeleka hesabu yake iwe miongoni mwa madeni ya marehemu: ujira, vipuri, na maegesho ya miaka 9. Mjane anakubali ujira na vipuri. Kuhusu maegesho bado wanabishana, na Jumamosi ijayo watakaa tena mbele ya mwenyekiti wa mtaa.