SANDUKU LA STIMA LISIWE JENEZA LETU

Ndugu wafanyakazi,

Kila mwenzetu wa mjengo akipigwa na stima, tajiri huja na methali mdomoni: "Ajali haina kinga." Kisha hutazama saa yake na kuuliza kazi itaanza tena lini. Sisi tumechoka na methali hiyo. Ajali ya namna hii inayo kinga, na kinga yenyewe inauzwa dukani. Asiyetaka kuinunua asimsingizie Mungu.

Tulitazame sanduku lenyewe, lile linalogawa stima kwa mashine zetu zote. Wengi wetu twalijua. Limefungwa kwenye nguzo ya mbao, mlango halina, na juu limefunikwa mfuko wa simiti ati kuzuia mvua. Fyuzi iliungua zamani, na mahali pake pametiwa waya wa kufungia nondo. Soketi haina plagi ya kufaa, basi nyaya za ekstensheni zimechomekwa zikiwa uchi na kushindiliwa kwa njiti za kiberiti. Waya wa ardhi umekatwa kwa kuwa "hauna kazi". Chini yake pana dimbwi, na ndani ya dimbwi amesimama kibarua mwenye viatu vilivyotoboka. Sanduku hilo linabeba volti 240, na penye mashine kubwa volti 415.

Tukiuliza, twajibiwa uongo wa namna tatu.

Uongo wa kwanza: "Fyuzi ipo, mwaogopa nini?" Fyuzi na breka ziliwekwa ili waya usiungue. Hazikuwekwa kumlinda mtu. Breka ya ampea 32 haishughuliki mpaka stima ipite kiasi hicho, lakini moyo wa binadamu waweza kuharibiwa na stima isiyofika hata sehemu moja ya kumi ya ampea moja. Maana yake mtu aweza kufa ameshika drili, na breka isiwe na habari. Kinachomlinda mtu ni swichi nyingine, ile ya kukata stima inayovuja, yenye kitufe kilichoandikwa T. Hiyo hulinganisha stima inayokwenda na ile inayorudi. Ikipotea miliampea 30 tu njiani, yakata kabla hujapepesa jicho. Sanduku lisilo na swichi hiyo halifai kutumiwa na mtu aliyesimama kwenye tope.

Uongo wa pili: "Sanduku zuri ni ghali." Ghali kwa nani? Sheria ya fidia ya mwaka 2007 yasema mfanyakazi akifa au akilemaa kabisa kwa ajili ya kazi, fidia ni mshahara wa miezi 96. Tajiri na apige hesabu mwenyewe, swichi na maiti, kipi ghali. Na bima hata ikilipa, haiwezi kulea mtoto. Waingereza walituachia volti 240 na plagi ya miguu mitatu. Lakini kwao, mjengoni, vyombo vya mkono kwa kawaida hutumia volti 110 kutoka kwa transfoma iliyoungwa na ardhi katikati, ili mtu akigusa waya mmoja apate volti 55 hivi, si 240. Matajiri wetu waliirithi stima, tahadhari wakaiacha bandarini.

Uongo wa tatu: "Fundi alikuwa mzembe." Hapa tuseme kweli hata ikituuma. Anayetia waya wa nondo mahali pa fyuzi ni mwenzetu, na tunamwambia wazi kwamba anawachimbia ndugu zake kaburi. Lakini ni nani aliyesimama nyuma yake akipiga kelele? Ni nyapara, akisema stima irudi sasa hivi au kesho usije. Kibarua wa siku moja akiamriwa hivyo na watoto hawajala, huo si uzembe wake peke yake. Lawama ianzie juu.

Basi twadai haya:

1. Sanduku liwe zima, lenye mlango na kufuli, nalo likiwa la chuma liungwe na ardhi. Tazameni alama ya IP ubavuni: tarakimu ya kwanza ni ya vumbi, ya pili ni ya maji. Nje penye mvua isipungue IP44. Matundu yasiyotumika yazibwe.

2. Kila soketi ipitie swichi ya miliampea 30. Kitufe cha T kibonyezwe kila asubuhi kabla ya kazi. Swichi isipokata, hakuna kuchomeka kitu.

3. Breka ilingane na waya. Waya wa milimita mraba 2.5 usitiwe breka ya ampea 40 ati kwa kuwa ile ya 20 "inasumbua". Breka inayokatakata inaleta habari. Isikilizwe, isibadilishwe.

4. Sanduku lifunguliwe na fundi mwenye leseni ya EPRA peke yake. Naye kwanza azime swichi kubwa, apige kufuli, ufunguo autie mfukoni mwake, kisha apime kuhakikisha hakuna stima, ndipo aguse.

Haya si maombi ya sadaka. Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya mwaka 2007 yataka kamati ya usalama mahali penye wafanyakazi 20 au zaidi, na wafanyakazi wawe na wajumbe wao humo. Sheria hiyo hiyo yasema ukiona hatari kubwa umwarifu mkubwa wako, na tajiri hana ruhusa kukurudisha mahali hapo wakati hatari ingalipo. Mtu akifa kazini, ofisa wa usalama apate habari katika saa 24, si baada ya mahali kusafishwa.

Lakini twajua yanayompata mtu mmoja akienda peke yake na sheria mkononi: jioni hupewa hesabu yake akaenda zake. Kwa hiyo asiende mmoja. Kama mko thelathini, semeni thelathini. Mmoja hufukuzwa. Thelathini hawafukuziki kwa urahisi, maana ghorofa haijijengi.

Kesho asubuhi, kabla ya mashine kuunguruma, mwende pamoja mkalitazame sanduku lenu. Bonyezeni kitufe. Kama hakikati, au kama hakuna kitufe cha kubonyeza, mwambieni nyapara mbele ya wote, kisha mlete habari katika ofisi ya chama siku hiyo hiyo. Msingoje mpaka tuje kuchanga pesa za sanda.

Umoja ni nguvu.